Neno «von» katika Majina ya Wadachi

Maneno yaliyosemwa mbele ya walimu na wazee wa mitaa, usiku wa pili wa Jubilei



Nimeagizwa niseme habari za majina. Wenzangu walionitangulia walipewa mambo makubwa, kujengwa kwa makanisa, na mwanzo wa shule, na safari za wale wa kwanza. Mimi nimepewa neno la herufi tatu. Sikukataa, maana kosa langu mwenyewe ndilo lililoniingiza katika kazi hii, na afadhali niliungame kwanza, kisha niseme.

Miaka kadha wa kadha iliyopita nilipewa kazi ya kunakili vitabu vyetu vya kale, vya ubatizo na ndoa na maziko, na kuyapanga majina yote kwa taratibu ya alfabeti. Nikaja kwenye majina ya Wadachi waliozikwa huku zamani za utawala wao. Nikaona von huyu, von yule, von mwingine. Basi nikawaweka wote pamoja katika herufi V, nami nikaona nimefanya kazi njema, ukoo mkubwa namna ile umelala pahali pamoja. Mwaka uliofuata akaja bibi mmoja mzee kutoka Ulaya, akitafuta kaburi la babu yake. Akafungua orodha yangu, akatazama herufi ya jina lake, hakuona kitu. Akaniuliza, nami nikamjibu kwa uhakika kabisa kwamba hayumo. Akashukuru, akaenda zake. Hata siku nyingine, nikitafuta neno lingine, nikamwona babu yake pale katika V, kati ya watu wasiomhusu hata kidogo. Niliandika barua, ikarudi vile vile ilivyokwenda.

Wala si mimi peke yangu niliyedanganyika. Kijana mmoja wa darasa langu, tulipokuwa tukisoma habari za nchi yetu, von Wissmann, von Götzen, von Lettow-Vorbeck, aliinua mkono akauliza kwa adabu, «Mwalimu, huyu Mzee Von alikuwa na wake wangapi?» Darasa likacheka. Mimi sikuweza kucheka.

Basi «von» si jina la mtu. Kwa Kidachi maana yake ni «wa» au «kutoka». Zamani sana, watu wa Udachi (nchi ambayo siku hizi twaiita Ujerumani) walikuwa na jina moja tu kila mtu, lile la ubatizo. Miji ilipokua, na akina Heinrich kumi wakakaa katika mtaa mmoja, ilikuwa lazima kuwapambanua. Huyu akaitwa kwa kazi yake, mhunzi au msaga nafaka; huyu kwa sura yake, mfupi au mweusi; na huyu kwa mahali alikotoka, Heinrich von Bremen, yaani Heinrich wa Bremen. Hapo hapakuwa na heshima yoyote ndani yake. Mkulima aliyehamia mjini aliweza kuitwa von kama mwenye ngome. Walther von der Vogelweide, mwimbaji mashuhuri wa miaka ya 1200, jina lake maana yake ni Walther wa malisho ya ndege, na hata leo wataalamu wabishana kama alikuwa mtu wa daraja au sivyo, kwa kuwa jina peke yake halitoshi kutoa ushahidi.

Sisi watu wa pwani na bara twalifahamu jambo hili bila taabu. Mtu akiitwa el-Barawi twajua asili ya wazee wake ni Barawa, akiitwa Shirazi twasikia madai ya Shirazi. Neno hutaja mahali. Heshima huja baadaye, watu wanapokumbuka ni nani aliyekaa mahali pale.

Ndivyo ilivyokuwa kwa Wadachi. Wenye ngome na mashamba walijiita kwa jina la ngome zao, na kwa kuwa ngome ilirithiwa, jina nalo likarithiwa, baba kwa mwana. Watu wadogo wengi waliiacha ile von ianguke njiani, kama sisi tunavyofupisha majina. Wakubwa wakaishika kwa mikono miwili. Vizazi vikapita, na neno lililokuwa la kila mtu likawa kama muhuri wa makabaila. Wakati ulipofika wa miaka ya 1600, mtu akisikia von alidhani mara moja kwamba yuko mbele ya mtu wa nasaba.

Pana neno la pili, «zu», maana yake «kwenye». Ukiitwa von, wazee wako walitoka mahali fulani. Ukiitwa zu, ungali una mahali pale mkononi. Wengine wakayaunga yote mawili, «von und zu», yaani tulitoka pale na mpaka leo pale ni petu, kama nyumba ya watawala wa Liechtenstein wanavyoitwa. Tena kuna «vom» na «zum» na «von der», ambayo ni maneno yale yale yaliyobanwa kwa sarufi ya Kidachi. Napenda kumtaja mmoja wa jina hilo, Freiherr vom und zum Stein, aliyezaliwa mwaka 1757 huko Nassau. Jina lake lote ni la mwenye mali aliyeshika pake. Walakini ni yeye, alipokuwa waziri wa Mfalme wa Prussia, aliyesimamia amri ya tarehe 9 Oktoba 1807, iliyowafungua wakulima kutoka utumwa wa mashamba, na kumruhusu mtu asiye na daraja kununua shamba la kabaila, na kabaila kufanya biashara asione haya. Kabla ya hapo kila kundi lilikuwa na ua wake, na ua ule Stein aliuvunja kutoka ndani.

Sasa nawaombeni mnivumilie, maana hapa ndipo penye fundo. Kama von ilikuwa muhuri wa makabaila, je, asiyezaliwa nayo aliweza kuipata? Aliweza. Kaisari na wafalme walitoa waraka wenye muhuri, na tangu siku ile mtu akawa kabaila, yeye na uzao wake. Waraka wa kwanza wa namna hii ujulikanao katika nchi ya Udachi ulitolewa na Kaisari Karl wa Nne mwaka 1360, kwa mtu wa kanisa wa Mainz aliyeitwa Wicker Frosch. Frosch maana yake ni chura. Tokea hapo Wadachi wakawa na makabaila wa namna mbili, wale wa kale ambao hakuna ajuaye mwanzo wao, na wale wa waraka. Na wa kale waliwatazama wa waraka kama mwenyeji anavyomtazama mgeni aliyeketi kwenye kiti chake.

Shida yake ni kwamba mtu wa waraka mara nyingi hakuwa na ngome wala kijiji cha kujiita. Jina lake lilikuwa la kazi au la sura. Basi von ikabandikwa mbele ya jina lolote lililokuwapo. Ferdinand Mueller, mtaalamu wa mimea aliyefanya kazi Australia, alipopewa heshima akawa von Mueller, na Mueller maana yake ni msaga nafaka. Ukilitafsiri neno kwa neno, ni «kutoka Msaga Nafaka», na kijiji cha jina hilo katika ukoo wake hakikuwapo. Neno lilikwisha kupoteza maana yake, likabaki kuwa pambo.

Mshairi wao mkubwa, Goethe, alizaliwa Frankfurt mwaka 1749, jina lake Johann Wolfgang Goethe tu. Babu yake mzaa baba alikuwa mshoni wa nguo. Von aliipata mwaka 1782, umri wake miaka 32, kwa waraka wa Kaisari Yosefu wa Pili, kwa sababu bwana wake, mtawala wa Weimar, alitaka waziri wake aweze kuketi mezani pamoja na makabaila. Rafiki yake Schiller naye akapewa mwaka 1802. Leo hakuna anayewakumbuka kwa ajili ya waraka ule.

Beethoven, mpiga muziki, yeye kisa chake ni kingine, nacho kinasikitisha. Jina lake lilikuwa Ludwig van Beethoven, kwa herufi a. «Van» ni neno la Kiholanzi, asili ya babu yake ilikuwa huko Mechelen. Na kwa Waholanzi na Waflemi van haina ukabaila wowote, hata mkulima huitwa hivyo. Lakini watu wa Vienna, waliposikia van, walisikia von, naye Beethoven hakuwasahihisha. Ndugu yake alipokufa mwaka 1815 akaacha mtoto mmoja mwanamume, Beethoven akashindana na mama wa mtoto juu ya ulezi. Kesi ikapelekwa mbele ya mahakama ya makabaila, maana kila daraja ilikuwa na mahakama yake. Hata mwaka 1818, katika kuulizwa maswali, ikadhihirika kwamba hana waraka wowote wa daraja. Kesi ikaondolewa pale, ikashushwa kwenye baraza ya watu wa kawaida. Mtu aliyekuwa amekwisha kupigiwa makofi na wafalme alitolewa katika chumba kwa ajili ya herufi moja. Mwaka 1820 alishinda kesi, lakini yasemekana fedheha ile haikumtoka moyoni.

Ndugu zangu, nisiwapeleke mbali Ulaya mkasahau kwamba neno hili lilifika mpaka kwetu, tena kwa njia isiyokuwa nzuri. Katika magavana saba wa Kidachi waliotawala hapa tangu 1891, sita walikuwa na von. Wa mwisho tu, Schnee, hakuwa nayo. Lakini tuulize von hizi zilipatikana wapi. Soden, Schele, Götzen na Rechenberg walizaliwa nazo. Hermann Wissmann hakuzaliwa nayo. Aliletwa pwani mwaka 1889 kuvunja vita vya Abushiri. Abushiri akanyongwa Pangani mwezi wa Desemba mwaka ule ule. Na mwaka 1890 Kaisari Wilhelm wa Pili akamfanya Wissmann kuwa von Wissmann. Liebert naye, ambaye Mkwawa alikufa katika siku za ugavana wake mwaka 1898, alipewa yake mwaka 1900. Mimi si hakimu wa watu waliokwisha kufa. Ila mwalimu akifundisha majina haya, ni haki watoto wajue kwamba herufi tatu hizo, kwa watu hawa, ziliandikwa kwa yaliyotendeka Pangani na Uhehe.

Na Zelewski, aliyeuawa na Wahehe pale Lugalo mwezi wa Agosti 1891, watu walimwita Nyundo. Jina lake la Kidachi lilikuwa von Zelewski. Jina hili ni la upande wa mashariki, wa Wapolandi na jirani zao, na mwisho ule wa -ski ndio «wa» ya kwao. Basi alipoongezewa von mbele alikuwa na «wa» mbili, moja kichwani na moja miguuni.

Wa ajabu kuliko wote ni Tom Prince. Alizaliwa kisiwani Mauritius mwaka 1866, baba yake mtumishi wa Serikali ya Kiingereza, mama yake Mdachi. Alipigana na Isike huko Unyanyembe, akapigana na Mkwawa huko Kalenga. Mkewe, Magdalene, alizaliwa katika ukoo wa kale wa von Massow, akaolewa akawa Bibi Prince tu, akangoja miaka kadhaa mpaka von ikarudi nyumbani kwa waraka. Huku kwetu watu walikwisha kumpa mumewe jina lao, Bwana Sakarani, neno la mtu aliyelewa. Yeye mwenyewe akauawa katika vita vya Tanga tarehe 4 Novemba 1914. Leo nenda Usambara karibu na Soni ukaulize shamba la von Prince, utatazamwa tu. Uliza Sakarani, mtoto mdogo atakuonyesha njia.

Meli ya Tanganyika nayo ni ushahidi. Iliundwa Papenburg, ikaletwa vipande vipande mpaka Kigoma, ikashushwa majini mwaka 1915, jina lake Graf von Götzen, kwa kumkumbuka gavana yule wa siku za Maji Maji. Wadachi wenyewe wakaizamisha mwaka 1916 isichukuliwe na adui. Ilipoopolewa ikarudi kazini mwaka 1927, ikaitwa Liemba, jina la kale la ziwa lile. Wangapi kati yetu wameipanda, au wazee wao waliipanda, wasijue kwamba ilikuwa na jina la kwanza?

Nisionekane kama natafuta mabaya tu. Mchungaji Friedrich von Bodelschwingh wa Bethel, ambaye watu wake walikuja Usambara wakaanza kazi Mlalo mwaka 1891, alikuwa kabaila wa kale wa Westfalia. Nyumba ya wazee wake ingali ipo mpaka leo, na mtaa wa Bodelschwingh umo katika mji wa Dortmund. Huyu alikuwa von kwa maana yake ya kwanza kabisa, kutoka mahali fulani. Lakini wagonjwa wa kifafa aliokaa nao Bethel walimwita Baba. Na karne moja kabla ya mimi kuzaliwa, baroni von der Decken alipanda sehemu ya Kilimanjaro mwaka 1862, akauawa Bardera katika mto Juba mwaka 1865. Jina lake limebaki kwa hondohondo mmoja wa nyika zetu, na kwa mmea mrefu wa kule juu mlimani, ambao wataalamu huuita Lobelia deckenii. Tazameni wataalamu walivyofanya: von der wameiacha, wameshika Decken.

Wako pia waliopewa wakakataa. Röntgen, aliyevumbua mwaka 1895 ile miali inayoonyesha mifupa, ambayo hospitali zetu zote zatumia, alipewa nishani ya Bavaria ambayo mwenye kuivaa aliruhusiwa kujiita von. Nishani akaipokea, von akaiacha. Na wako waliozaliwa makabaila halisi bila von yoyote, kama ukoo wa Knigge. Tena kaskazini ya Udachi na Uswisi wako von wengi ambao wazee wao walikuwa wakulima tangu mwanzo mpaka leo. Jeshi la Prussia, ili lisichanganyikiwe, liliandika «v.» kwa kifupi kwa makabaila, na «von» kwa urefu kwa wale wengine. Basi mwenye neno refu ndiye aliyekuwa mdogo!

Mwisho wa ukabaila ulikuja na vita. Kaisari aliondoka katika kiti chake mwezi wa Novemba 1918. Katiba mpya ya tarehe 11 Agosti 1919, katika fungu la 109, ikasema kwamba haki zote za kuzaliwa zimeondolewa, na vyeo vya ukabaila vimekuwa sehemu ya jina tu, wala havitatolewa tena. Kwa hiyo Mdachi wa leo aitwaye von, au Graf, au Freiherr, analo kama mwingine alivyo na jina la Mueller. Sheria haimpi kitu zaidi. Waaustria walikuwa wakali kupita hao: kwa sheria ya Aprili 1919 walikataza hata neno lenyewe lisiandikwe, na katazo hilo lingali na nguvu, Mahakama ya Ulaya ililiunga mkono mwaka 2010, mtu mmoja aliposhtaki.

Ungefikiri kwamba baada ya hapo watu wangeliacha tamaa yake. La. Kwa kuwa mfalme wa kuitoa hakuwapo, wakaitafuta kwa kuasiliwa. Joachim Ribbentrop, mfanya biashara ya mvinyo, mwaka 1925 alijifanya mwana wa jamaa yake mmoja, mama mwenye von, naye akiwa mtu mzima wa miaka 32. Akatoka von Ribbentrop. Akawa waziri wa Hitler, akanyongwa Nuremberg mwaka 1946. Katika nchi ile ile na vita vile vile alikuwapo Claus Schenk Graf von Stauffenberg, mtu wa ukoo wa kale. Hata Schenk katika jina lake ni cheo cha zamani cha mnyweshaji. Tarehe 20 Julai 1944 alijaribu kumwua Hitler, akapigwa risasi usiku ule. Na kabla yake, mwaka 1939, alijaribu vivyo hivyo seremala mmoja, Georg Elser, asiye na von wala zu, akauawa katika kambi ya Dachau mwezi wa Aprili 1945. Nimewataja watatu pamoja kwa sababu wanafunzi wangu walipowasikia pamoja waliacha kuuliza habari za Mzee Von.

Sasa nirudi kwenye vitabu vyetu. Desturi ya Wadachi wenyewe katika kupanga majina ni kuiruka von: Goethe hutafutwa katika G, wala si V. Nimeyapanga upya majina yote ya vitabu vya zamani kwa namna hiyo, na mbele ya kila jina lililohama nimeandika kwa wino mwekundu mahali nilipoliweka mara ya kwanza, ili anayeshika nakala ya kale asipotee. Nawaomba walimu wa mitaa waliochukua nakala zangu za kwanza wazilete nizisahihishe. Babu wa yule bibi yuko ukurasa wa 14, herufi yake mwenyewe. Kaburi lake nalo nimeliona. Ni la tatu kutoka mwembeni, safu ya chini, na jiwe bado lasomeka. Kama miongoni mwenu yuko anayejua njia ya kumpata bibi yule, au watoto wake, tafadhali anione kesho baada ya ibada.